Mkulima Aliyekataa Vita vya Hitler

Sinema ya Terrence Malick, A Hidden Life (2019), yamhusu Mwenye Heri Franz Jägerstätter, mkulima wa Austria na msakristia wa parokia yake. Alikataa kupigana vita vya Hitler, ingawa hata askofu wake alimshauri atii. Akauawa tarehe 9 Agosti 1943. Ni sinema nzuri, ijapokuwa karibu saa tatu ni ndefu mno! Inapendeza zaidi anapoonekana mkewe, Franziska, akilima huku majirani wamempa kisogo.

Lakini twailaumu kwa jambo moja. Haikulikazia vya kutosha ombi la Franz la kuwatumikia wagonjwa jeshini. Mtazamaji aweza kudhani alikimbia kazi, kumbe alikataa dhuluma. Vijana wetu wa Masisi na Walikale, wanaovutwa na makundi yenye silaha, wahitaji kuijua tofauti hiyo. Tangu mauaji ya soko la Ntoto, Machi 1993, ni jirani anayemwambia jirani ashike bunduki. Na anayekataa hana hata hakimu wa kumsikiliza.

Mwaka 1965 Mtaguso wa Vatikano uliziomba serikali ziwe na sheria za kuwahurumia wanaokataa silaha kwa ajili ya dhamiri, mradi wakubali kuwatumikia wenzao kwa namna nyingine. Sinema hii ikionyeshwa parokiani, maneno hayo yasomwe kwanza.