Kutoka Majibizano hadi Hotuba: Usanii wa Paddy Chayefsky

Wapo wahakiki wanaomgawa Paddy Chayefsky (1923–1981), mwandishi wa Marekani wa tamthilia za televisheni na filamu, katika watu wawili: fundi wa mazungumzo ya watu wa kawaida, na mhubiri mwenye hasira aliyekuja baadaye. Mgawanyo huu una ukweli, lakini hauelezi kwa nini fani yake ilibadilika.

Marty ilionyeshwa moja kwa moja kutoka studio ya NBC mwaka 1953. Filamu yake ya 1955 ilimpatia mwandishi ya kwanza kati ya tuzo zake tatu za Oscar. Mhusika mkuu ni muuza nyama wa Bronx, kapera aliyekata tamaa ya kuoa. Yeye na rafikiye Angie huulizana tena na tena watafanya nini jioni hiyo, na swali halipati jibu. Msomaji wa haraka ataona hapo upungufu wa maudhui. La hasha! Urudiaji huo ndio maudhui yenyewe, yaani upweke wa watu wasio na maneno ya kuutajia. (Mwalimu wa tamthilia anayedhani maandishi ya televisheni ni kibarua tu na asome kitabu cha 1955 ambamo Chayefsky alizichapisha tamthilia hizi pamoja na maelezo ya jinsi alivyozijenga.)

Tukija kwenye Network (1976), hali ni nyingine kabisa. Howard Beale, msoma habari, anaachishwa kazi kwa kupungukiwa na watazamaji. Anatangaza kwamba atajiua mbele ya kamera. Watazamaji wanaongezeka, na kampuni inampa jukwaa. Tangu hapo karibu kila mtu anahutubu: Beale anauhutubia umma, tajiri Jensen anamhutubia Beale, na hata Max Schumacher, anapoachana na Diana, husema kama asomaye risala. Mimi sioni kasoro katika jambo hili. Watu hawa wanakitumikia chombo kinachosema na wote bila kumsikiliza yeyote. Kufa kwa majibizano ndiko kunakosimuliwa.

Kasoro ipo kwa Diana. Schumacher anamhukumu yeye pamoja na kizazi kizima kilicholelewa na televisheni, na mwandishi hampi bibi huyu nafasi ya kujitetea. Mama yake Marty, japo anampinga msichana wa mwanawe, alipewa hofu yake ya kuachwa peke yake, nasi tukamwelewa.

Filamu yake ya mwisho, Altered States (1980), ilitokana na riwaya yake mwenyewe ya 1978. Aligombana na mwongozaji Ken Russell, akaliondoa jina lake. Filamu inamtaja Sidney Aaron, majina yake ya kuzaliwa. Hata hivyo maneno aliyoyaandika yamo. Yanatamkwa mbiombio, mengine yakipishana vinywani mwa wachezaji, na kwa mwandishi aliyeanza kwa kupima hata kimya cha muuza nyama, hilo lilitosha kumfanya ajitenge.