Nani Anasema "Mimi"? Sauti na Nafsi katika Moi, un noir

Watahiniwa wengi wanapohakiki utungo uliosimuliwa katika nafsi ya kwanza huandika, "Mwandishi alikuwa mlevi," ilhali mlevi ni msimulizi. Kosa hili la kumchanganya mtunzi na nafsineni huwagharimu alama. Makala haya yanaliangazia kupitia filamu ya Mfaransa Jean Rouch iitwayo Moi, un noir (1958), yaani "Mimi, Mtu Mweusi".

Kinaya kinaanzia katika anwani. Mwenye kamera ni Mzungu, lakini "mimi" anayetajwa ni Mwafrika. Filamu inawasawiri vijana kutoka Niger waliohamia Treichville, mtaa wa Abidjan, kutafuta vibarua. Mhusika mkuu, Oumarou Ganda, hubeba mizigo bandarini. Amejipa lakabu ya Edward G. Robinson, naye mwenzake anajiita Eddie Constantine. Yote ni majina ya waigizaji wa sinema. Lakabu hizi si mzaha mtupu. Mtu anayethaminiwa kwa magunia aliyobeba huazima jina linalojulikana ili naye aonekane.

Mbinu ya usimulizi ndiyo yenye uzito zaidi. Picha zilipigwa bila sauti. Baadaye Ganda alizitazama na kuzisimulia papo hapo, bila mswada. Hivyo basi tunapata nafsi mbili katika mtu mmoja: anayetenda na anayejitazama akitenda. Toni nayo hugeuka kutoka majigambo hadi uchungu, hasa anapokumbuka vita vya Indochina, alikopigana upande wa Ufaransa na kurudi mikono mitupu.

Je, filamu hii ni ya nani? Sauti ni ya Ganda, lakini Rouch ndiye aliyeamua picha zipi zibaki na zipi zitupwe. Isitoshe, mwaka 1965 mwandishi na mwongozaji wa Senegal, Ousmane Sembène, alimkabili Rouch akidai kuwa anawatazama Waafrika kana kwamba ni wadudu. Kwa maoni yangu, jibu lililo zito zaidi ni la Ganda mwenyewe. Mwaka 1968 aliongoza filamu yake, Cabascabo, kwa lugha ya Kizarma, akaigiza yeye mwenyewe askari anayerejea nyumbani kutoka Indochina. Kumbukumbu iliyokuwa sehemu fupi katika kazi ya mwingine ikawa kisa kizima katika kazi yake.

Mtahiniwa ana la kujifunza hapa. Kabla ya kujibu swali, ajiulize: Ni nani anayesema "mimi"? Ni nani aliyempa nafasi ya kusema? Ni yapi ambayo hakuruhusiwa kuyasema? Akishayajibu hayo, aandike "nafsineni" au "msimulizi", na jina la mtunzi alitumie tu pale anapozungumzia uteuzi na mpangilio wa kazi. Tofauti hiyo si ya alama tu. Ganda aliijua vyema, ndiyo maana hakuridhika kuwa msimulizi wa filamu ya mtu mwingine.