Bati, Zinki na Kitabu cha Kemia cha Mhandisi

Kitabu cha Linus Pauling, General Chemistry, kilichotolewa mara ya kwanza mwaka 1947, kingali kinastahili sifa: kinaanzia kwenye muundo wa atomu, na tabia za maada zinafuata humo. Hata hivyo, anayemchagulia kitabu mwanafunzi wa uhandisi hana budi kuitafuta kwanza sura ya ulikaji wa metali, kwani huko ndiko madaraja na mabomba yanakoharibikia.

Hapo mfasiri naye hupimwa. Kwa Kiswahili, bati ni metali inayopakwa kwenye makopo. Bati pia ni lile la kuezekea, ambalo aghalabu ni chuma kilichopakwa zinki. Metali hizi mbili hazifanyi kazi moja. Zinki hutoa elektroni kwa wepesi kuliko chuma, hivyo hulika kwanza na kukikinga chuma hata inapokwaruzwa. Bati likikwaruzwa, chuma ndicho kilikacho, tena upesi zaidi. Mfasiri atakayeandika “chuma kilichopakwa bati” mahali pote pawili atakuwa amemfundisha mwanafunzi kinyume cha kanuni.

Neno kutu nalo lisitumiwe ovyo: shaba hulika pasipo kutoa ule wekundu wa chuma.

Tunaonelea kitabu kinachoandika alama Sn na Zn kando ya majina kipewe nafasi ya kwanza. Bati libaki jina la elementi, na la kuezekea liandikwe “bamba la chuma lililopakwa zinki”, ingawa hakuna fundi atakayeliita hivyo dukani.