Heko, wachonga mashetani

Wapenzi wa Don't Hug Me I'm Scared, vikaragosi vya Uingereza vilivyoanza mwaka 2011 kwa wimbo wa kitoto na kuishia kwenye keki iliyojaa matumbo, wameviundia michezo yao wenyewe ya kompyuta. Wachongaji wa Bagamoyo wanaijua kazi hiyo ya kuchukua ubunifu wa mwingine na kuuongezea chako, ila wao huifanya kwa mpingo. Mchongaji Mmakonde Samaki Likankoa anatajwa kuanzisha mtindo wa shetani, wa kuchonga mapepo, miaka ya 1950. Wamakonde wenzake wakaudaka, huyu akiongeza jicho, yule akipunguza mguu. Msanii George Lilanga, aliyefariki 2005, akawatia mashetani rangi, wakacheka. Heko zaidi kwa anayeng'ang'ania shetani ilhali watalii wanataka twiga (twiga wa kuchosha, kusema kweli), na mpingo wenyewe unakula makali ya tezo.