Kitanda cha Mgonjwa katika Utendi wa Mwana Kupona

Utendi wa Mwana Kupona umekuwa ukihakikiwa kwa njia kuu mbili. Ya kwanza ni ile ya Alice Werner na William Hichens, waliouchapisha mwaka 1934 chini ya kichwa cha Kiingereza kinachoutaja kuwa ni mawaidha juu ya wajibu wa mke. Tangu hapo watu wengi wameusoma kama kanuni za ndoa ya Waswahili wa kaskazini. Ya pili ni ya wahakiki wanaouona utendi huo kuwa chombo cha kumtiisha mwanamke. Njia hizi zapingana kwa hukumu, lakini zaafikiana katika jambo moja: zote mbili huupita mlango wa utendi upesi upesi ili kufika sebuleni. Na hapo mlangoni amelala mgonjwa.

Mtunzi alikuwa mjane wa Bwana Mataka, mtawala wa Siyu aliyefariki mwaka 1856. Utendi wenyewe aliutunga mwaka 1858, naye akafa miaka michache baadaye. Katika beti za mwanzo anamwita binti yake, Mwana Hashima, asogee na kuketi karibu, aje na wino na karatasi. Mhakiki aliyezoea tendi atasema kwamba huu ni utangulizi wa kawaida tu, kwani watunzi wengi huanza kwa kuagiza vifaa vya kuandikia. Hoja hiyo ni sahihi kwa wino na karatasi. Haitoshi kwa yale mengine. Mtunzi anasema kwamba maradhi yamemshika hata yametimiza mwaka, na kwamba katika muda huo wote hakupata kumwambia mwanawe neno jema. Mwaka mzima wa maradhi si pambo la fani. Wala kule kukiri kimya si mapokeo ya watunzi. Ni sauti ya mtu aliyelala kitandani, akahesabu miezi, akatambua kwamba lililomponyoka zaidi ya afya ni mazungumzo.

Mtu akishaukubali msingi huo, zile beti zinazolaumiwa kuliko zote hugeuka sura. Binti anaambiwa kwamba mume akilala asimwamshe. Amkalie karibu na kumpapasa, na upepo wa kumpepea usikosekane. Asiinuke pale alipo, asiseme kwa sauti kubwa, ili huyo aliyelala akiamka asihangaike kumtafuta. Akiamka asicheleweshewe chakula. Asingwe mwili, aogeshwe, anyolewe. Atunzwe kama mtoto ambaye bado hajajua kusema. Kama sheria ya ndoa, haya ni mazito, na aliyeyaita utumwa hakukosea sana. Lakini yeyote aliyewahi kukesha katika wodi ya wagonjwa wasiotarajiwa kupona atayatambua mara moja, neno kwa neno: utulivu, upepo, mkono juu ya mwili, maji, na mtu asiyeondoka. Haiwezekani kuthibitisha kwamba Mwana Kupona aliyachota haya kutoka kitanda chake mwenyewe. Hata hivyo, aliyatunga wakati ambapo yeye ndiye aliyekuwa akihitaji kupepewa, na ni vigumu kuamini kwamba mambo hayo mawili hayakugusana.

Kiswahili kina kitenzi kinachoeleza jambo hili vizuri kuliko istilahi nyingi zilizobuniwa. Kuuguza kimetokana na kuugua, kwa umbo lile lile la kusababisha linalozaa kupoza katika kupoa. Lakini anayemuuguza mtu hamtii ugonjwa. Anauchukua ugonjwa wa mwenziwe pamoja naye. Kitenzi hakiahidi kwamba mgonjwa atapona. Istilahi ya tiba shufaa, iliyoenea hasa Tanzania, haina uwazi huo. Shufaa ni maombezi. Shifaa ni uponyaji. Na sikio la mgonjwa, hasa mgonjwa aliyelelewa katika Kiswahili cha mwambao, husikia kwa urahisi kile linachokitamani. Kosa la irabu moja linaweza kumpa mtu ahadi ambayo hakuna aliyeitoa.

Hapo ndipo utendi unapotoka darasani. Katika hospitali hudaiwa mara nyingi kwamba mila haziruhusu mgonjwa kuambiwa kwamba mauti yamekaribia. Jamaa humvuta daktari kando na kumsihi anyamaze. Dai hilo huletwa kana kwamba ni sauti ya wahenga wote. Mwana Kupona ni mhenga pia, naye hangoji kuambiwa. Anausia. Na bado sehemu ya mwisho ya utendi wake ni dua ndefu, ambamo anajiombea faraja yeye, akawaombea na jamaa zake. Wasia na tumaini vimekaa katika utungo mmoja bila kugombana. Cicely Saunders, aliyekuwa muuguzi kabla ya kuwa daktari, alipofungua Hospisi ya St Christopher mjini London mwaka 1967, alifundisha kwamba maumivu ya anayekufa si ya mwili peke yake, bali ni ya nafsi, ya jamaa na ya roho pia, na kwamba kumpa dawa kama mofini bila kumsikiliza ni kumtibu nusu. Hospisi ya Nairobi ilianzishwa mwaka 1990. Wanaofunza wauguzi wa Kenya wangeweza kulianza somo hilo kwa utendi uliotungwa Pate zaidi ya karne moja kabla.

Usomaji huu hauzifuti lawama za wahakiki wa njia ya pili. Kwa upande mmoja unazizidisha. Utunzaji wote unaoelezwa kwa undani namna ile unaelekezwa kwa mume ambaye, katika utendi, hana maradhi yoyote. Anayeumwa ni mama. Ni nani aliyempepea yeye, aliyemwogesha, aliyekaa asiinuke? Utendi hautaji. Aliye karibu, kwa kadiri beti zinavyoonyesha, ni msichana mmoja aliyeitwa aje na wino, naye tangu mwanzo hadi mwisho hasemi neno.