Aliyekaa Ubavuni mwa Runinga

Juzi usiku nilitazama kwenye simu Higanbana, vichekesho vya Yasujiro Ozu vya mwaka 1958, filamu yake ya kwanza ya rangi. Mzee Hirayama ni hodari wa kuwashauri wenzake wawaache mabinti wachague wachumba. Binti yake mwenyewe alipochagua, mzee akanuna. Nilicheka peke yangu, macho yakifukuzana na maandishi chini ya picha, nikamkumbuka mtafsiri wa kibanda chetu cha video, kule mjini Mpanda.

Nchini kwetu kazi hii ya kutafsiri sinema kwa sauti ilivumishwa na Lufufu, yaani Derek Mukandala, ambaye kanda zake zilipendwa sana. Wetu hakuwa na kanda. Alikaa kwenye kigoda ubavuni mwa runinga, kipaza sauti mkononi, jenereta likinguruma uani.

Harusi moja ya sinema ya Kihindi haijanitoka. Baba wa bibi harusi alisimama mlangoni, hasemi kitu. Mtafsiri naye akanyamaza. Tulisikia jenereta tu. Kisha, kwa sauti ya mtu aliyelala na deni: “Mshenga, ng'ombe wangu wako wapi?” Kibanda kizima kikaangua kicheko. Mzee wa watu hakuwa amefungua hata kinywa! Lakini tuliishi na Wasukuma waliohamia na mifugo yao. Mzee yule tulimjua. Watoto wa mkeka wa mbele walipozidisha kicheko, mtafsiri aliwageukia: “Nyamazeni, mzee anaagana na mwanawe.” Wakanyamaza. Mama mmoja nyuma yangu akavuta kamasi.

Sijaona bado maandishi ya chini ya picha yanayojua kumkemea mtazamaji.

Wanaotafsiri siku hizi, nisemeje, wanaropoka tangu jina la filamu hadi mwisho. Kimya wanakiona hasara. Na pale kilipokuwa kibanda, vijana wanabeti mpira, kila mmoja na simu yake.

Ozu hatuoneshi harusi ya binti Hirayama. Anairuka, anatuachia tuijaze wenyewe. Pengo la namna hiyo mtafsiri wetu angelitendea haki. Mwishoni mzee yumo ndani ya treni, anakwenda Hiroshima kuwaona binti yake na mkwe aliyemkataa. Sisi ndio watu wa mwisho wa reli, treni ya kutoka Tabora huishia kwetu. Tungemtazama mzee yule dirishani na kumsubiri aliye kwenye kigoda atuambie amewabebea nini.