Baiti Nne za Doom

Leo mchezaji akigundua kasoro kwenye gemu, anarekodi video na kuisambaza. Mwaka 1994 hilo halikuwezekana. Modemu iliyopitisha biti 14,400 kwa sekunde kwenye waya wa simu ilibeba baiti 1,800 tu katika sekunde hiyo, na picha zinazotembea zingechukua usiku kucha. Wachezaji wa gemu ya Doom walitumia njia nyingine, na kwa maoni yangu iliishinda video.

Doom ilitolewa na id Software ya Texas Desemba 10, 1993, ikapakiwa kwenye seva ya Chuo Kikuu cha Wisconsin. Programu yake hugawa kila sekunde katika mapigo 35. Ukirekodi, haihifadhi picha hata moja. Kila pigo huandika baiti 4: umesogea mbele au nyuma kiasi gani, kando kiasi gani, umegeuka kiasi gani, umebonyeza nini. Basi. Dakika nzima inakuwa baiti 8,400, mzigo wa sekunde 5 hivi kwa modemu ile.

Lakini mazimwi ambayo mchezaji hupigana nayo hutenda kwa bahati nasibu, yatarudiaje yaleyale? Hapa ndipo ufundi ulipolala. Bahati nasibu ya Doom ni jedwali la namba 256 zisizobadilika, zinazosomwa kwa mfuatano, na mchezo mpya huanzia mwanzo wa jedwali. Ipe kompyuta nyingine vitufe vilevile, na kila zimwi litageuka palepale, kila risasi itatua palepale. Sharti ni toleo la Doom liwe lilelile. Likitofautiana, utamwona mchezaji akigonga ukuta na kufyatulia hewa.

Sasa mfano wa kasoro. Kukimbia mbele kuna nguvu ya 50, kando 40. Ukibonyeza vyote pamoja, programu hujumlisha bila kuweka kikomo, nawe unakata mshazari kwa 64, yaani asilimia 28 zaidi. Anayesimuliwa tu angeweza kubisha. Anayepokea faili la rekodi hana la kubisha, kwa sababu nakala yake mwenyewe ya Doom ndiyo inayoutenda mchezo upya mbele ya macho yake, na anaweza kuhesabu sekunde mwenyewe.

Msimbo wa Doom ulipowekwa wazi Desemba 1997, namba 50 na 40 zilikuwemo, bila mstari wowote wa kuzipunguza zikitumika pamoja.